Niliisafisha PC ya marehemu mdogo wangu ili niweke mod manager, sikujua mzee alikuwa anaitumia vipi

Wakuu, salaam. Waliotangulia kuzaliwa shikamooni, wengine za kwenu.

Uzi huu nimeuandika na kuufuta mara tatu. Leo naumaliza. Sitaongeza chumvi maana ulivyo unatosha, na atakayeniona mjinga baada ya kusoma hatakuwa amekosea sana.

Kila wiki humu kuna mtu anauliza namna ya kuweka mod manager kwenye game za PC. Nitaeleza yaliyonikuta, halafu mtaona kwa nini nasema kuna hatua moja ambayo video zote nilizoangalia hazikuitaja.

Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi maeneo ya Kilangala, Lindi. Nyumbani ni Kilwa Masoko. Baba yetu alikuwa dereva wa basi dogo la abiria, Masoko kwenda Njinjo, zaidi ya miaka ishirini. Miaka ya mwisho konda wake alikuwa mdogo wangu, Shabani.

Walikuwa na utaratibu wao wale wawili. Asubuhi Shabani anamuamkia mzee pale pale kwenye mlango wa gari, "Shikamoo baba, gari iko tayari." Mzee anaitika marahaba, anapanda. Kuanzia hapo hakuna cha baba wala mwana mpaka jioni, ni suka na konda.

Mimi sikuwahi kufanya kazi kwenye lile basi hata siku moja. Nilikuwa mtoto wa kusoma. Nasema hili mapema kwa sababu mbele litakuja kuniumbua.

Kisha mzee akapata kiharusi. Upande wa kushoto ukalegea, ulimi ukawa mzito. Mwenye basi akalikabidhi kwa dereva mwingine, ni haki yake, gari haliwezi kumsubiri mtu. Lakini mzee alinyamaza. Alikuwa anaweza kukaa kutwa nzima bila kusema zaidi ya "maji" na "bismillahi".

Shabani ndiye aliyepata wazo. Alinunua desktop iliyotumika, akatafuta na usukani wa game kutoka Dar, wa kufunga mezani na pedeli zake. Akaweka game ya kuendesha mabasi. Mguu wa kulia wa mzee ulikuwa mzima na mkono wa kulia pia, basi vikatosha.

Nilipokwenda likizo nilimkuta mzee mbele ya kioo amekunja uso kama yuko kwenye barabara ya kweli. Nilicheka kidogo. Nikaona ni mchezo wa kumpotezea muda mgonjwa.

Kwa wasiojua, mod ni nyongeza ambayo wachezaji wenyewe wanatengeneza kubadilisha game. Shabani alibadilisha mengi. Ramani ilikuwa ya nchi za watu, yenye milima na miti ya baridi, lakini ukifika njia panda unakuta kibao kimeandikwa NANGURUKURU. Ukipanda kilima chenye theluji unaambiwa karibu Migeregere. Niliona vibao tu. Sikuuliza kama kuna kingine.

Na alikuwa anaweka mod zake kienyeji. Anachukua faili, anazitupa moja kwa moja ndani ya folder la game, juu ya zile za asili. Hakuna mpangilio wala backup. Mimi ni mtu wa mpangilio, hata chaki zangu nazipanga kwa rangi, na jambo lile lilinikera.

Wakuu, Shabani aliugua siku nne tu. Ya tano tukamzika. Hapo sitasema zaidi.

Nilirudi Kilangala baada ya matanga, nikaja tena Masoko kwenye arobaini. Baada ya khitma mama akaniita uani. Macho yalikuwa mekundu.

Akaniambia, "Mwanangu, baba yako anaitikia watu wasioonekana."

Nikamuuliza ana maana gani. Akasema kila siku baada ya swala ya adhuhuri mzee anajikokota hadi chumbani kwa Shabani, anarudisha pazia, na baada ya muda mama anamsikia akisema "Marahaba." Peke yake. Chumba hakina mtu. Amechungulia, amemkuta ameshika ule usukani, headphone kichwani, machozi yanamtoka.

"Kichukue hicho kidude," mama akasema, "akili ya baba yako itulie."

Nikakubali. Na hapa sikilizeni vizuri, maana ndipo kosa lilipozaliwa.

Kwetu vitu vya marehemu vinafuliwa kabla ya kugawiwa. Kanzu, mashuka, mpaka kofia. Mama alishafua kila kitu cha Shabani kwa mikono yake, akakunja, akawa anagawa. Alipofika kwenye PC akasema, "Na hiyo uisafishe. Kitu cha marehemu hakitoki kwangu na uchafu."

Simu ya Shabani tulikuwa tumeshaisafisha hivyo hivyo, tukafuta kila kitu, ikaenda kwa binamu yetu wa Njinjo. Ilionekana ni heshima. Usimwachie mtu siri za marehemu.

Basi nikakaa mbele ya PC. Nilipoiwasha game ikajifungua yenyewe, Shabani alikuwa ameitega hivyo ili mzee asihangaike. Nikaona kero. Nikaizima, nikaitoa kwenye orodha ya vinavyojiwasha.

Headphone zilikuwa zimetundikwa kwenye msumari ukutani, na PC haina spika nyingine. Sikuzivaa.

PC ilikuwa inakuja kwangu na game nilitaka kuicheza mwenyewe, kwa hiyo nilikuwa nimeshapakua mod manager kwenye flash. Ni programu nzuri, sisemi vinginevyo. Inaweka kila mod kwenye folder lake pembeni, game ya asili haiguswi. Unaweka tiki mod unayoitaka, unaondoa tiki usiyoitaka. Mod mbili zikigombania faili moja, unaamua ipi ishinde.

Mwongozo ulisema anza na game safi. Kama zamani ulitupa faili kwa mkono, futa folder lote, weka game upya, ndipo ufunge manager. Nikafuata neno kwa neno. Nikafuta. Nikaweka game upya kutoka diski yangu ya external, halafu manager, halafu mod zangu kumi na nne: mvua, taa, mabasi mapya. Ikapendeza. Nikajiambia Shabani angeniona angefurahi.

Nilisoma hata Fatiha moja nilipomaliza. Nilikuwa na nia ya thawabu, wakuu.

Nikaifunga PC kwenye blanketi, usukani kwenye mfuko wa salfeti, nikapanda navyo gari hadi Kilangala. Mzee alikuwa kibarazani nilipomuaga. Aliutazama ule mzigo, akanitazama mimi, akarudisha macho barabarani. Nilidhani ndiyo akili inatulia.

Baada ya wiki mbili mama akapiga simu. Mzee hali chakula. Adhuhuri anakwenda chumbani, anakaa mbele ya meza tupu, na akiulizwa anajibu neno moja, "Gari."

Jumamosi nikairudisha PC. Nilifunga kila kitu mezani palipokuwa mwanzo, mzee amesimama mlangoni ameshika fremu. Nikamsaidia kukaa. Akatoa headphone kwenye msumari mwenyewe, akavaa kwa mkono mmoja, taratibu. Nikafungua game.

Basi likatokea, jipya, linang'aa. Injini ikawaka.

Mzee hakuondoa gari. Alisubiri. Dakika ya kwanza, ya pili. Kisha akanigeukia, akasema kwa ule ulimi wake mzito, "Mbona haniamkii?"

Nikamuuliza nani.

"Shabani."

Nikakaa kitandani. Kidogo kidogo, neno moja moja, mzee akanieleza, na ilichukua muda mrefu. Shabani alikuwa amejirekodi kwa simu na kuiweka sauti yake ndani ya ile game. Ukiwasha gari anasema, "Shikamoo baba, gari iko tayari." Ukifika kituo anakitaja. Ukikata kona vibaya anasema, "Suka, taratibu, kuna mama ana mtoto huku."

Mzee alikuwa hajachanganyikiwa. Alikuwa anaitikia salamu ya mwanawe.

Nikamwambia ukweli. Nilisema, "Baba, nimeifuta mimi. Nilikuwa naisafisha." Hakunigombeza. Alivua headphone akaziweka mezani. Afadhali angenigombeza.

Jumatatu niliomba ruhusa kazini, nikaipeleka PC kwa fundi mmoja pale Masoko. Akaniuliza swali moja tu: baada ya kufuta, uliweka kitu kingine juu yake? Nikasema niliweka game nzima upya na mod kumi na nne. Akatikisa kichwa, lakini akajaribu.

Programu yake ilirudisha majina. Nikayaona kwenye orodha, Shabani alivyoyaandika kwa herufi ndogo: shikamoo_baba, singino, nangurukuru, suka_taratibu. Tukaifungua ya kwanza. Ilikuwa mkwaruzo mtupu, mwanzo mpaka mwisho. Zote hivyo. Fundi akapunguza sauti mwenyewe bila kuambiwa.

Binamu wa Njinjo naye nilimpigia. Ile simu haikuwa na kitu, tulishaiosha sisi wenyewe.

Basi nikafanya ambalo mwalimu angefanya. Nilijifungia chumbani, nikaanza kujirekodi mimi. "Shikamoo baba, gari iko tayari." Nikataja vituo. Niliporekodi vya kutosha nikaviweka kwenye mod manager, kihalali kabisa, folder lake, jina lake, tiki yake. Nikamwita mzee.

Alivaa headphone. Gari likawaka. Nilikuwa namtazama mdomo.

Hakuitika.

Akaondoa gari, akaendesha mpaka sauti yangu ikataja Singino, akasimama, akavua headphone sikio moja. "Baada ya Mpara umeruka," akasema.

Nikamwambia kwenye ramani ya Kilwa baada ya Mpara inafuata Singino.

"Kuna Kwa Fundi Baiskeli. Kuna Mikoroshini. Watu wanashuka pale." Alipumzika kidogo. "Shabani anavijua."

Nilisema nitarekodi upya, anitajie vyote. Nikachukua simu nikaanza kuandika. Akaweka mkono wake mzima juu ya simu yangu.

"Usinirekodie," akasema. "Yule nilimsikiliza humu kwa sababu hayupo. Wewe upo. Njoo uniamkie."

Nililia, wakuu. Mwanaume wa miaka thelathini na nane, mama akaja kuchungulia pazia na sikujali.

Nilipotulia nikasimama pale kwenye mlango wa chumba kama ndiyo mlango wa gari. Nikasema, "Shikamoo baba. Gari iko tayari."

Akasema, "Marahaba, Omari." Akaweka gia.

Siku ile nilishika ukingo wa kiti chake kutoka Masoko mpaka Njinjo, nikiita vituo kwa mdomo wangu, na kila nilichoruka alinitajia. Nilivijua vituo vya baba yangu nikiwa na umri huu. Tulipofika mwisho alikula wali bakuli zima.

Sasa PC iko Masoko, haitoki. Kila Ijumaa baada ya kazi natafuta usafiri, Jumamosi adhuhuri nasimama mlangoni. Siku nyingine mama ndiye abiria, anakaa kitandani na kuomba kushushwa Mikoroshini.

Mod ya sauti yangu nimeiondoa tiki. Ile programu inakuruhusu kuunda mod tupu, isiyo na faili ndani. Nimeunda moja, nimeiandika Shabani, nimeiwekea tiki. Haibadilishi chochote kwenye game. Mzee akiwasha huwa anaitafuta kwanza kwenye orodha kabla ya kushika usukani.

Funzo langu ni dogo. Kabla hujafuata ushauri wa "anza na game safi", nakili folder lote la zamani, lote, hata kama ni takataka. Na kabla hata ya kunakili, uliza waliomo ndani ya nyumba kila mmoja anaitumia vipi hiyo mashine. Vaa na headphone usikilize. Mimi nilimuuliza mama, mwenye kuitumia sikumuuliza, kwa sababu alikuwa mgonjwa na nikadhani hana jibu.

Mdogo wangu angetumia mod manager tangu mwanzo, sauti yake ingekuwa salama kwenye folder lake. Na mimi ningemuuliza mzee swali moja, ingekuwa salama vile vile. La pili ndilo linaloninyima usingizi.

Wenye ujuzi wa kurudisha faili za sauti zilizoandikiwa juu, semeni hapa chini, hata kama jibu ni kwamba haiwezekani. Nitalipokea. Na wenye kawaida ya kufua na kugawa vya marehemu kama sisi, naomba mniambie kwenu simu na kompyuta mnavifanyaje, maana nguo nilifundishwa, hivi hakuna aliyenifundisha.

Kama mzazi wako yupo na hujamuamkia leo, uzi huu unaweza kusubiri. Nenda kwanza, utakuta nasi bado tupo.