Mama, Amka

Nilipokuwa darasa la pili nilipata nafasi katika mchezo wa runinga. Niliigiza mtoto wa Kibera anayefiwa na mama yake, na maneno yangu makubwa yalikuwa mawili: "Mama, amka." Nyumbani nilimwita mama yangu Mayi, kama watu wetu wa Magharibi, lakini mwongozaji alisema watazamaji hawataelewa.

Kianda nzima, mtaa wetu wa Kibera, ilinitazama kwa runinga ya kinyozi. Tangu hapo sikuitwa jina langu. Wauza mboga waliniita Mama Amka. Vijana walinizuia njiani mpaka nilie kidogo. Mama mwenyewe alicheka, na nilipomwita Mama aliitika. Nikaacha kumwita Mayi.

Mchezo uliisha na hakuna aliyenitafuta tena kuigiza. Jina halikuisha. Tulipohamia mtaa wa Gatina, ghorofa ya tatu, lilifika kabla hatujapanga vyombo.

Jumapili moja asubuhi, mwaka huu, nilimpelekea mama chai nikamkuta amelala, mdomo umepinda upande. Nilimtikisa. Nikapiga kelele, "Mama, amka. Mama, amka."

Kuta za vyumba vya ploti yetu ni nyembamba. Nilisikia mtu akicheka.

"Leo ameanza mapema," akasema mwanamke wa chumba cha pili.

"Msanii, ongeza machozi," kijana akadakia kwenye korido.

Nikabisha kwa yule mwanamke. Alifungua akiwa na mswaki mdomoni.

"Mama haamki. Nisaidieni kumshusha."

"Hiyo sehemu naijua," akasema. "Sasa daktari anaingia, ama?"

Kadiri nilivyolia ndivyo alivyotabasamu. Sikuwa na kilio kingine. Nilichokuwa nacho walishakiona nikiwa mtoto, wakakipenda.

Nikarudi kwenye korido, nikapaza sauti: "Moto! Moto!"

Milango yote ikafunguka. Wakaja na beseni na ndoo za maji, wakajazana mlangoni kwetu, wakamwona. Mwanamke wa mswaki akatua beseni lake chini.

"Kumbe," akasema.

Wanaume wanne walimshusha kwa blanketi, wakiteleza kwenye maji waliyomwaga wenyewe ngazini.

Hospitalini muuguzi aliniambia, "Ongea naye. Huenda anasikia."

Nilifungua mdomo, na yale maneno mawili yalikuwa tayari yamekaa ulimini. Nikayameza. Nikainama sikioni mwake.

"Mayi."

Hakufumbua macho. Nikamwita tena.