Kufuli la Mgawa Maji

Mgawa maji wa mfereji wetu huku Utah hupita na koleo begani, funguo zikimlia kiunoni. Akifika kwenye lango la maji la shamba huchovya kidole kimoja majini, hukifuta surualini, kisha hufunga kufuli. Hapandishi sauti. "Dada Bunderson, zamu yako imekwisha." Mwaka huu theluji ya mlimani inayolisha mfereji iliisha mapema, akanifungia maji mahindi yangu yakitoa mbelewele. Nikamwambia, "Kaka, niongezee nusu saa. Au miti yako inamwagiliwa na malaika?" Akatazama saa yake. "Nusu saa hiyo ni ya jirani yako."

Jumapili baada ya kanisa nikaenda kwake kumshika mwizi, maana ukoo wake ndio wenye haki ya kwanza ya maji, na hakuna wa kumfungia akizidisha. Miti yake yote ya aprikoti ilikuwa imekauka kama kuni, na kufuli la lango lake lilikuwa limetandwa utando wa buibui. "Kwa hiyo mwezi mzima namwagilia maji yako?" nikauliza.

"Ya mfereji, dada. Zamu yako kesho alfajiri, usichelewe." Akafuta kidole surualini, nacho kilikuwa kikavu.