Unyayo wa Mfalme Hapa Juru

Uniapie hutamwambia mtu. Mimi pia niliapa, na ona, naandika gazetini.

Jirani yangu mmoja alimtoa mtalii mjini Mbarara, akamleta hapa kijijini kwetu Juru, akamtembeza siku nzima katika “korongo maarufu la wafalme”. Korongo lenyewe ni shimo letu la udongo wa matofali. Sisi wamama tulikuwa humo tunakanyaga matope.

Akamwonyesha unyayo uliokauka. “Madame, huu ni wa mfalme wa kale. Kidole kidogo kilikatwa vitani.”

Mtalii akapiga magoti kabisa! Kisha akamwomba jirani aweke mguu wake kando ya unyayo, apige picha.

“Hapana, Madame, ni mwiko.”

“Vula kiatu, Papa!” tukapaza sauti. “Mufalme amekufa, hatakasirika!”

Akavua. Vidole vinne. Cha tano kilikatwa na jembe, akinilimia maharage.