Silvester wa Kihesa na Dume Lake la Mbegu

Siku Paskalina wa Mlandege alipopeleka mbwa wake jike Kihesa kwa Silvester, alimkuta dume, Kamishna, amefungwa mnyororo wa kuvutia trekta. Silvester hakuwa na kazi nyingine ya kueleweka. Alipandisha majike ya watu, na ujira wake ulikuwa kuchagua mtoto aliye bora kuliko wote kabla mwenye jike hajagusa hata mmoja.

"Babu yake alikuwa mbwa wa polisi," alitamba.

"Huyu naye ana cheo gani?" Paskalina aliuliza huku akiinama. Kazi yake ilikuwa kununua ng'ombe minadani, na hakuwahi kuchukua mnyama bila kumchungulia chini ya tumbo. Akaona damu inadondoka, na kwenye uume uvimbe uliochanua kama koliflawa. "Kaka, hii nini?"

"Nguvu hizo, dada. Zimemzidi."

"Zipunguzwe kwanza. Wangu hapandwi hapa. Twende kwa daktari wa mifugo, au niwaulize wateja wako?"

Walikwenda. Daktari Yusta alichukua chembe za uvimbe, akazitazama kwenye hadubini. "Ni saratani, lakini..."

"Kamishna wangu kwisha!" Silvester alishika kichwa. "Mbwa wa mjomba wangu alikufa kwa saratani ya mfupa wa mguu!"

"Nimesema lakini! Ya mfupa, sawa, wengi hawamalizi mwaka. Hii huambukizwa kwa kupandana, na inasikia dawa kuliko nyingi. Sindano kila wiki, wiki tano au sita, wengi hupona kabisa. Ila asipande, na majike yote aliyoyapanda yaletwe niyapime."

Kwenye hilo "yote" Silvester, msemaji wa Kihesa nzima, aligeukia mlango. Awaambie wateja? "Saratani ni saratani tu," alisema. "Dada, mchukue ukamzike mwenyewe."

"Na mnyororo?"

"Na mnyororo."

"Andika. Daktari ni shahidi."

Akaandika, akicheka kwamba amegawa maiti.

Paskalina alilipia matibabu, na sindano ya sita ilipokwisha, uvimbe haukuwepo. Kamishna akawa analinda zizi la Paskalina. Jike la Paskalina lilikuwa limepitwa na siku zake za joto, naye akakaa nusu mwaka bila watoto wa mbwa aliowataka. Huko Kihesa majike yalianza kuvuja damu, wenye mbwa wakafika kwa Yusta, wakaulizwa yalipandwa wapi. Wakamvamia Silvester, akawarudishia watoto wa mbwa aliowachukua kama ujira, mmoja mmoja, hadi akabaki bila mbwa, na sasa usiku anabweka mwenyewe.