Aliyelala Kando ya Debe

Jumanne, tarehe kumi na nne Mei. Asubuhi kulikuwa na manyunyu, na hadi wakati wa chai mbao zilizopangwa nje zilikuwa bado zina unyevu, kwa hiyo hakuna fundi aliyepiga randa kwa moyo.

Karakana yetu hutengeneza vitanda, na mara mojamoja kabati. Mimi natunza stoo: misumari, gundi, msasa, bawaba. Dirisha la stoo linatazama benchi wanapokaa mafundi kunywa chai, na mazungumzo yao hunifikia hata nisipoyatafuta. Kwa muda mrefu mazungumzo hayo yalikuwa ya mtu mmoja, fundi vitanda tuliyemwita Nyapara.

Alikuja kwetu akitoka jela, na hakuficha. Alikuwa amenunua mabati ya wizi, akapigwa "mvua nne", kama alivyozoea kusema, yaani miaka minne. Tajiri wetu alimchukua kwa sababu ya mkono wake. Kitanda akikiunga yeye, unaweza kukitikisa mpaka uchoke na kisilie.

Siku zake za mwanzo alikunywa chai peke yake, mgongo ukutani, kikombe amekishika kwa mikono miwili kana kwamba kuna mtu atakinyakua. Alipopita karibu na benchi, mafundi walichukua simu zao wakazitia mfukoni. Yeye aliona, maana alianza kuzunguka kwa nyuma ili wasipate taabu.

Halafu siku moja mchonga miguu ya vitanda, ambaye hawezi kukaa na swali tumboni, alimuuliza:

"Bwana mkubwa, hivi huko ndani mnalala vitandani?"

"Vitanda?" alijibu. "Tunalala kama njiti kwenye kiberiti. Mmoja akitaka kugeuka anaomba kikao."

Benchi zima lilicheka. Akaongeza lingine, na lingine tena. Toka siku hiyo simu zilibaki pale zilipo na yeye akapata nafasi katikati ya benchi.

Mafundi walijifunza maneno yake kama watoto wanavyojifunza wimbo. Mtu anayepeleka habari kwa askari ni redio. Kwenda mahakamani ni kwenda harusini, kwa sababu ndiyo siku pekee unayovaa nguo zako mwenyewe. Anayeweka vipisi vya sigara ni benki. Nafasi iliyo chini ya dirisha la selo inaitwa hewani, na hapo hulala nyapara, yaani mfungwa aliyepewa kuwasimamia wenzake, pamoja na watu wake. Mwisho kabisa, upande wa pili, ni debeni, kando ya debe ambalo watu wote hujisaidia usiku. Hapo hulala aliyeingia mwisho, mpaka aje mgeni mwingine, ndipo asogee nafasi moja kuelekea dirishani. Hiyo ndiyo sheria, na haikuandikwa popote.

Haikupita muda karakana nzima ikawa inasema hivyo. Ubao uliopasuka ulikuwa umelala debeni. Tajiri akiingia, mpiga vanishi alipaza sauti: "Afande kaingia, chuchumaeni!" na tajiri mwenyewe alicheka. Aliyechelewa kazini aliulizwa amekula mvua ngapi.

Katika hadithi hizo zote fundi wetu alikuwa ndiye nyapara, mtu wa hewani, asiyeguswa. Na katika kila hadithi alikuwepo mtu wa kuchekwa, aliyeitwa Bibi Debe: mwanamume mzima aliyeendelea kulala kando ya debe hata baada ya zamu yake kupita, akanuka mpaka chawa wakamhama. Fundi akiharibu kazi kwetu aliitwa Bibi Debe siku nzima. Nilicheka nami, nikiwa dirishani pangu.

Jumanne hiyo mchonga miguu aliomba ile hadithi ya sabuni.

"Basi," alisema Nyapara, "huyo Bibi Debe akapata kipande cha sabuni. Sabuni kule ni dhahabu. Mwenye akili angeoga, au angebadilisha kwa sigara. Yeye kaenda kuoshea debe! Kasugua, kasugua, likang'aa mpaka unaweza kunyolea ndevu mbele yake. Jioni mtu wa kwanza anakuja na haja yake, Bibi Debe kasimama, mikono hivi: 'Jamani, nawaombeni, msubiri kidogo, bado halijakauka!'"

Mpiga vanishi alimwaga chai. Kicheko kingine, cha mwanamke, kilitoka mlangoni. Walikuwa wamesimama hapo wateja wawili, mume na mke, wakikung'uta mwavuli. Mume alikuwa mtu wa makamo aliyeingia mvi, shati lake limepigwa pasi vizuri, mkononi ana uzi wa kipimo ulioviringwa.

"Jamani, eti bado halijakauka!" alisema yule mama, akifuta macho kwa ncha ya kitambaa. "Masikini, na huyo naye hakuwa na mdomo wa kukataa?"

"Pengine alikuwa nao," alisema mumewe.

Nyapara aligeuka kuitazama sauti ile. Nimewahi kuona mtu akijikata kidole kwa msumeno. Kabla damu haijatoka, uso hutulia kwanza. Uso wake ulitulia hivyo.

"Karibu mzee, karibu mama," alisema mchonga miguu. "Msimwogope huyu, ni Nyapara wetu, walishamfungulia. Haya endelea bwana, likakauka?"

"Endelea, fundi," alisema yule mteja. "Nami nisikie mwisho wake."

Hapakuwa na kejeli katika sauti yake. Ilikuwa sauti ya mtu anayeuliza njia.

"Imeishia hapo," alisema Nyapara.

Mama alimtazama mmoja, akamtazama mwingine. "Mbona mnaangaliana hivyo? Mnajuana?"

Mumewe hakujibu. Nilimwona akinyamaza makusudi, kama mtu anayeshikilia mlango ili mwenzake apite.

"Hapana, mama," alisema Nyapara. "Simjui. Sijawahi kumwona."

"Nilimfananisha," alisema yule mzee, na akafungua uzi wake.

Walitaka kitanda cha mama mkwe, anayehamia kwao, magoti yake yamechoka. Kisiwe kirefu kwenda juu, alisema mzee, akikaa ukingoni miguu yake iguse sakafu. Wakapima. Nyapara alishika ncha moja ya uzi, mzee akashika nyingine, na uzi ukalegea katikati kwa sababu hakuna aliyetaka kuuvuta. Ilibidi mchonga miguu aje auchukue. "Nyapara leo kala nini?" alisema. Watu wakacheka, wateja wakaaga, wakaondoka chini ya mwavuli mmoja.

Mchana Nyapara alikuja stoo kuchukua msasa. Nikauweka mezani, hakuuchukua.

"Ndiye yule," alisema.

"Nani?"

"Wa debe."

Nilisogeza kiti. Hakukaa.

"Ile sabuni aliletewa na dada yake," alisema. "Mimi ndiye niliyekuwa nimelala debeni. Mgeni wa mwisho ni mimi, yeye alishasogea. Nikashikwa na tumbo la kuhara. Ndugu yangu, sikuweza hata kusimama. Nikaanza kuwachafulia wenzangu, na ukiwachafulia usiku unapigwa. Yule akatoka mahali pake akalala pangu, kati yangu na wao. Kila nikitaka, ananibeba. Anaosha debe kwa sabuni yake ili nisikae kwenye uchafu. Na ni kweli aliwaambia wasubiri. Aliwaambia wasubiri kwa sababu nilikuwa mimi juu ya debe."

"Na ulipopona?"

"Nilipopona, yeye bado alikuwa amelala mahali pangu. Sikumwambia ondoka. Nilihamia kwenye nafasi yake, nikanyamaza."

Alikwangua meza yangu kwa ukucha, pale penye doa la gundi.

"Nyapara sikuwa mimi. Mimi nilifua nguo za nyapara. Alikuwa mtu anayependa kucheka, na mimi nikaona ukimchekesha unasogezwa. Sikuwa na kingine cha kumpa, nikampa yule amcheke. Jina nililitunga mimi. Siku nilipolitunga ndiyo siku niliyolala hewani. Wanasema fadhila ya punda ni mashuzi. Punda angalau hana akili."

Nikamwambia la kumpoza: mke wa yule mzee haelekei kujua kwamba mumewe alifungwa; angekubali kwamba wanajuana, angesema wamejuana wapi? Kwa kukana alimsitiri.

"Usinipe hilo," alisema haraka. "Tafadhali usinipe. Yeye ndiye aliyenisitiri, tena mbele ya mkewe anayemcheka. Mimi sikumfikiria mke. Nilitazama benchi kwanza. Nilizitazama nyuso za wale, ndipo nikasema simjui."

"Sasa utafanyaje?"

"Nikimtaja, namfunga mara ya pili. Nikinyamaza, kesho wataomba ya sabuni tena. Na nikiwaambia mimi nilikuwa nani, basi narudi ukutani na kikombe changu. Wewe uliniona kule. Unajua palivyo."

Nilijua. Nikamsukumia msasa wake. Aliuchukua, akaushukuru mkono wangu badala ya kunitazama usoni, akaenda. Alasiri hiyo aliharibu mbao mbili nzuri, na mpiga vanishi alimwita Bibi Debe kwa utani. Aliitika kwa kucheka, lakini kile kicheko sikutamani kukisikia tena.

Asubuhi ya Jumatano anga ilikuwa safi na mbao zilikauka mapema. Wakati wa chai mchonga miguu alimsogezea nafasi yake ya katikati.

"Nyapara, njoo utumalizie. Likakauka?"

Hakukaa. Alisimama mbele ya benchi, kikombe mkononi.

"Sikuwa nyapara," alisema. "Sijawahi kuwa. Yule mtu hakulala debeni kwa ujinga. Alilala mahali pangu. Mimi nilikuwa naharisha kama mtoto, na yeye alikuwa ananiosha."

Mpiga vanishi alianza kucheka, akijua utani unakuja, kisha akajikuta anacheka peke yake.

"Wacha wewe," alisema mchonga miguu. "Unatania."

"Sitanii. Nilikuwa mfua nguo. Na lile jina nililomwita, nilimwita ili nami nipate pa kulala. Msilitumie tena humu. Nawaomba."

"Kwa hiyo siku zote hizi ulikuwa unatuchota akili?"

"Ndiyo."

"Na huyo mtu yuko wapi sasa?"

"Yuko uraiani," alisema. "Anaishi vizuri. Msiniulize zaidi."

Mtu mmoja alisonya. Sikuona ni nani. Mchonga miguu alitazama ndani ya kikombe chake, na ile nafasi ya katikati ilikaa wazi, hakuna aliyeiziba na hakuna aliyemwambia aje aikalie. Alisubiri kidogo. Kisha akaweka chai yake chini bila kuimaliza, akaenda kwenye rundo la mbao. Aligeuza moja baada ya nyingine akitafuta zisizo na fundo, akapata nne, akakaa kukata miguu ya kitanda cha yule mama mkwe.