Nilivyowatajia Wenye Upepo Jina la Mama

Tuanze na ujinga wenyewe, tumalizane nao. Nilipokuwa darasa la tatu nilisimama juu ya tangi la maji, kwenye paa la jengo letu la Kariakoo, nikawatajia Wenye Upepo jina la mama yangu. Jina lake, la baba yake, na mahali anapofanyia biashara. Nilitaka kuchekesha watu tu.

Juzi nimepita mtaa ule nikitoka shule. Upepo ukashuka katikati ya maghorofa, ukampokonya muuza soksi fulana aliyoitundika mbele, ukapaa nayo. Mdomo wangu ukasema wenyewe, "Vaeni salama." Mwenzangu akanigeukia, "Oya, unaongea na nani?" Nikamjibu, "Na wateja." Akacheka. Mimi sikucheka, na hilo kwangu si jambo la kawaida.

Bibi yangu hukumjua, pole yako. Tuliishi naye ghorofa ya juu kabisa, kwenye jengo la zamani lenye ngazi za giza zilizonuka vitunguu vya kukaanga. Paa ndilo lilikuwa uwanja wetu. Huko tulianika nguo, huko bibi alichagua mchele, na huko makelele ya soko yalitufikia yakiwa yamechujwa: honi, nyundo za mafundi, wasukuma mikokoteni wakipayuka, "Mguu huo! Chuma hakina macho!"

Bibi alituambia kwamba juu ya mawingu kuna mji. Watu wake warefu, wembamba, hawana kivuli, na upepo wote uko mikononi mwao. Wanaufungua na kuufunga kama sisi na bomba, siku ambazo bomba linatoa maji. Kila kitu wanacho ila nguo, maana wingu halisokotwi likawa uzi. Basi wakitaka nguo wanatuma upepo Kariakoo, kama watu wa mikoani wanavyoagiza mzigo. Upepo ukikuchukulia nguo, wewe unasema "Vaeni salama," unanyamaza. Hukimbizi, hudai, na kamwe husemi ni ya nani. "Mchuuzi akishajua mzigo unakotoka," bibi alizoea kusema, "hamwachi mwenye mzigo."

Mama alikuwa akicheka. Hakuwa na muda na watu wasioonekana, wanaoonekana walimtosha.

Siku hiyo ya tangi, upepo ulichukua kanga yake kambani, mpya, hata rangi haijachuja. Watoto wote wa jengo walikuwapo, nami nikiona watu wananitazama sijiwezi. Nikapanda tangi.

"Oya nyie! Hiyo kanga ni ya mama yangu!" Nikataja majina. "Anauza viungo hapo kona ya chini, mwavuli wa bluu! Mkitaka na gauni, nendeni mkampime!"

Wenzangu walikufa kwa kicheko. Asiyecheka alikuwa jirani yetu wa ghorofa ya pili, mama wa Kichaga mwenye duka la vitenge, ambaye siku zote alimtania bibi kuhusu hao Wenye Upepo wake. Aliachia beseni la nguo alizokuja kuanika, akafanya ishara ya msalaba.

"We mtoto," akasema polepole, "umewaelekeza hadi rangi ya mwavuli?"

Nikashuka tangini.

Bibi sikumwambia. Tangu siku ile kila pazia lililotikisika nilijua ni wao wanaulizia njia. Feni ya darasani ikizunguka, jasho linanitoka. Maandazi ya bibi yenye iliki, ambayo nilikuwa nikiyaiba yangali yanachuruzika mafuta, yakanishinda kumeza. Bibi akanishika paji la uso, akasema nina malaria.

Kazi yangu ya mchana ilikuwa kumpelekea mama chakula. Nilifika kona na hotipoti ya wali na maharage ya nazi, nikamwona nyuma ya meza yake, vilima vya binzari, pilipili na mdalasini mbele yake, anabishana na mteja huku anacheka. Kisha mifuko yote iliyoning'inia kwenye vibanda ikatulia, kimya. Upepo ukashuka. Haukupita barabarani kama upepo wenye adabu. Ulishuka wima, kama ndoo iliyomwagwa. Binzari ikanyanyuka yote. Mtaa ukawa wa njano. Watu wakakohoa, wakaitana, na ndani ya wingu lile nikaona mwavuli wa bluu ukipaa juu ya nyaya za umeme. Vumbi lilipotulia, meza ilikuwapo. Kiti kilikuwapo. Mama hayupo.

Usiniulize hotipoti niliiacha wapi.

Bibi alikuwa juu ya paa akianua nguo. Nikamweleza yote kwa mkupuo mmoja. Nilitaka anichape. Hakunichapa, na hilo lilinitisha kuliko upepo.

"Jina likishatolewa halirudi, mjukuu wangu," akasema. "Labda libadilishwe kwa jingine."

Mtoto wa Kariakoo hafundishwi maana ya kubadilisha. Nikapanda tangi. Upepo ulinijaa mdomoni, maneno yakawa yanarudi kooni.

"Nilikosea! Kanga ni yangu!" Nikataja jina langu, la baba, la babu, shule, darasa, hadi dawati ninalokalia. "Yeye mwacheni! Nichukueni mimi!"

Bibi alikuwa ameng'ang'ania kaptula yangu, analia, "Shuka baba, shuka!" Sikushuka. Nilifumba macho nikisubiri kunyanyuliwa. Na nikwambie kweli, nilijikojolea.

Mlango wa paa ukagonga. Nikafumbua jicho moja. Mama alikuwa amesimama pale, wa njano kuanzia ushungi hadi kandambili, mbavu za mwavuli mkononi. Alikuwa ameukimbiza hadi barabara ya Msimbazi. Na akipanda ngazi, alikuwa amesikia kila neno.

Jengo lile halipo tena. Pamesimama ghorofa la vioo ambalo madirisha yake hayafunguki, na juu yake hakuna kamba hata moja. Bibi tulimzika mwaka niliomaliza la saba. Siku hizi upepo ukichukua kitu, watoto wanaukimbiza na kuuzomea, na hakuna anayewaziba midomo. Mimi nimekuwa mtu wa kutania kila kitu, mwalimu wa nidhamu ananijua vizuri, lakini jina langu sijawahi kwenda kulidai. Bado wanalo.

Siku ile pale paani mama, yule asiyeamini, alitazama juu. Akatazama kwa muda mrefu. Kisha akaja, akanishusha tangini kwa mikono yake, akanifunika kwa upande wa kanga yake, akasema:

"Leo unalala na mimi. Upande wa ukutani."