Fataki Tatu za Santa Rufina

Klabu ya Arriero haijawahi kuchukua kombe lolote la maana, na watu wa Santa Rufina hawapendi kukumbushwa. Iliundwa na wachunga nyumbu waliokuwa wakishusha kahawa kutoka milimani, nao walicheza mpira kama walivyoswaga nyumbu, kwa kelele nyingi na mateke ya hovyo. Mwaka wa sitini na nne ilipanda daraja la kwanza. Mwaka uliofuata ikashuka, na mpaka leo wazee wanabisha kwamba ile penalti haikuwa penalti. Lakini kitu kimoja klabu hii ilikuwa nacho kuliko klabu zote za mji mkuu, nacho ni fataki. Na mwenye fataki alikuwa Obdulia Portillo.

Kazi hiyo aliirithi kwa marehemu mumewe, Fidelino, ambaye baruti ilimla vidole vitatu na hakuacha mpaka mauti yalipomfika. Alipokufa, kamati ilikaa ikasema mwanamke hapigi fataki. Obdulia akaenda kwenye kikao na ndoo ya baruti, akaitua juu ya meza.

"Haya, wanaume, pigeni nyinyi," akasema.

Hakuna aliyethubutu hata kuwasha sigara. Tangu siku hiyo ilikuwa kazi yake kusaga mkaa, kukata vijiti vya matete, kufunga uzi na kupima utambi, na kila Jumapili kusimama nyuma ya goli la kaskazini na kaa la moto mkononi.

Mji mzima ulisikiliza mkono wake. Goli letu lilikuwa fataki mbili. Goli la wageni ni moja, na hiyo Obdulia aliipiga kwa shingo upande, tena aliichagua ile mbovu. Saa moja kabla ya mchezo zilipigwa tatu za mfululizo, paa, paa, paa, kuita watu. Na ulikuwapo mlio mwingine ambao hakuna aliyeupenda. Akifa mtu wa klabu, zilipigwa fataki tatu vilevile, ila kati ya moja na nyingine ilisaliwa Baba Yetu nzima, taratibu. Siku hiyo mpira hauchezwi. Uwanjani watu huvua kofia, na milimani kila mtu hubaki kwake mpaka jua lizame.

Kisha vita vikaja, na jeshi likawa na njaa ya vijana. Likajua kwamba vijana hupatikana kirahisi Jumapili, wakiwa uwanjani na viatu vya mpira miguuni. Malori yaliuzunguka uwanja wa mji mmoja, kisha wa mji mwingine, na waliopakiwa hawakuulizwa kama wanataka. Wengine walirudi baada ya miezi, kwenye masanduku. Nusu ya timu ya Arriero ikahamia kulala kitongoji cha Los Nances, juu kwenye mashamba ya kahawa, na miongoni mwao alikuwamo Nahum, mtoto wa pekee wa Obdulia, miaka kumi na tisa, winga wa kushoto. Obdulia mwenyewe ndiye aliyewapa neno: "Mkisikia tatu za mfululizo, shukeni, uwanja ni salama. Msiposikia, msije hata kama mtakatifu mwenyewe anawaita."

Jumapili ya mchezo dhidi ya Agua Zarca, asubuhi, alikwenda nyuma ya kinu cha zamani cha kahawa kukata matete. Akakuta malori matatu yamefunikwa turubai. Chini ya turubai kulikuwa na macho.

"Pita, mama," sauti ikamwambia. "Hujaona kitu."

Obdulia alipita. Alifika nyumbani hajui amefikaje, akaketi jikoni na kikombe cha kahawa. Kisha akachukua birika la kahawa, akaimimina yote juu ya fataki za siku ile. Baruti iliyolowa hailii. Akajiambia kwamba hakuna mtu aliyewahi kupigwa risasi kwa sababu ya unyevu.

Uwanjani alimkuta luteni amesimama mahali pake, nyuma ya goli. Alikuwa kijana wa mji mkuu, amenyoa vizuri, ana daftari mfukoni.

"Wewe ndiye mama wa fataki? Nimesikia sifa zako," akasema. "Nimeambiwa wachezaji wa milimani hawashuki mpaka uwaite. Basi waite."

 Obdulia aliweka kaa kwenye utambi wa kwanza. Ukafanya chiii, ukafa. Wa pili vilevile. Wa tatu hata moshi haukutoka. Luteni aliinama, akanusa.

"Inanukia kahawa."

"Paa langu linavuja, afande. Kila kitu nyumbani kwangu kinanukia kahawa."

"Mvua haijanyesha wiki tatu, mama."

 Kwa mara ya kwanza Obdulia aliitazama bastola kiunoni mwa yule kijana. Hapo ndipo wema ulipokuja kumwangamiza. Mpiga fataki wa wageni, Mzee Leocadio, alikuwa ameona aibu yote ile kutoka upande wa pili, akaja mbio akipepesuka na kifurushi kwapani. Baina ya wapiga fataki wa kule ni mwiko kumwacha mwenzako akose mlio nyumbani kwake.

"Dada Obdulia, mimi kizee nipo, nawe uaibike mbele ya wageni? Chukua zangu! Tatu kavu kama mifupa ya mama mkwe wangu!"

"Asante, kaka," akasema Obdulia, na moyoni alitamani ardhi immeze mzee yule pamoja na ukarimu wake.

Luteni akatabasamu. "Mungu hamtupi mja wake. Piga."

Uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Kukataa ni kufa, na akifa, luteni mwenyewe atawasha. Akawasha ya kwanza. Ikapanda, ikalia, na milima ikajibu. Akachukua ya pili, lakini hakuisogeza kwenye kaa. Midomo yake ikaanza kwenda yenyewe: Baba yetu uliye mbinguni.

"Unangoja nini?"

"Napuliza kaa, afande. Limepoa."

Alipuliza na kusali, akapuliza na kusali, mpaka amina. Akapiga ya pili. Akapuliza tena, na sasa uwanja wote ulikuwa umenyamaza. Muuza mahindi alifunika sufuria yake. Ilipolia ya tatu, kila mwanamume wa Santa Rufina alikuwa amevua kofia.

Luteni aliwatazama, kisha akamgeukia. Hakuwa mjinga, kwa bahati mbaya.

"Kwa nini wamevua kofia?"

"Kuna msiba, afande."

"Nani amekufa?"

Angetaja jina gani? Mtu yeyote ambaye angemtaja yuko hai, ana watu, angeonekana kesho sokoni. Luteni alishatoa daftari lake, na Obdulia aliona majina yamepangwa, mistari mirefu. Alijua ni nani yumo. Kinywa huumba, mama yake alimwambia hivyo tangu utotoni, usitaje kifo cha uliyemzaa. Akakitaja.

"Mwanangu. Nahum Portillo. Alfajiri ya leo, kwa homa ya matumbo. Nilitaka kuficha mpaka mchezo uishe, nisiwaharibie watu Jumapili. Moyo umenishinda."

Luteni alitafuta kwa kidole, akalipata jina, akalipiga mstari. "Pole," akasema. "Nitakuja jioni kumuaga."

Hakuna aliyeshuka kutoka Los Nances. Luteni alingoja nusu saa, kisha akapiga filimbi, malori yakaja kuchukua kilichokuwapo: wachezaji wanne wa Arriero na sita wa Agua Zarca, akiwemo kipa wao, mkwe wa Mzee Leocadio. Mzee alikimbia nyuma ya lori mpaka darajani huku akiita. Obdulia alimwona, na hakuweza kumtazama usoni tena maisha yake yote.

Kabla ya jua kuzama, seremala jirani alikuwa ameshaleta jeneza kwenye chumba cha klabu, walikokeshewa wafu wote wa Arriero. Hakuuliza neno. Waliweka ndani vipande viwili vya mgomba na gunia la mchanga, wakapiga misumari. Wanawake wakaja na mikate na kahawa, wakaanza rozari. Kila mmoja alijua, na kila mmoja alilia kama hajui. Malori yalikuwa yameshakwenda kambini, luteni akaja na dereva wake tu, akavua kofia, akaketi karibu na mlango.

"Fungueni nimwone."

"Ni homa ya matumbo, afande," akasema seremala. "Sisi tuliomlaza tumeshaoga mara tatu."

Luteni akarudisha kiti nyuma kidogo. Obdulia akavuta pumzi, ya kwanza tangu asubuhi, na akiwa bado hajaishusha aliona kupitia dirishani kitu kilichomfanya ashike ukingo wa jeneza. Kwenye njia ya Los Nances zilikuwa zinashuka taa. Mishumaa, mmoja nyuma ya mwingine. Jua lilikuwa limezama, na watu wa milimani, kwa heshima na desturi, walikuwa wanakuja kukesha na maiti ambayo hawajui ni ya nani. Miaka yote amewazika watu kwa desturi hiyo, na leo aliisahau!

Hakukuwa na njia ya kutoka bila kumpita luteni. Akasikia kandambili uani, akasikia kikohozi anachokijua. Nahum akaingia wa kwanza, kofia mkononi.

"Poleni, wafiwa. Nani ametutoka?"

Rozari ilikatika katikati. Luteni akainua kichwa.

"Mwanangu Nahum," akasema Obdulia, akimtazama machoni. "Karibu, kijana. Umetoka mbali?"

Nahum alitazama jeneza, akatazama buti za luteni. 

"Los Nances, mama. Pole sana, mama."

"Ulimjua marehemu?" akauliza luteni.

"Tulicheza timu moja, afande."

"Alikuwa mzuri?"

"Mguu wa kushoto tu, afande. Wa kulia alikuwa anapandia kitanda."

Mtu mmoja pembeni alicheka, kicheko kibaya cha woga, akaziba mdomo. Luteni naye akatabasamu kidogo, akaonyesha jeneza kwa kidevu. "Muombee basi."

Nahum akapiga magoti mbele ya migomba yake, akajiombea. Obdulia akammiminia kahawa, akampa kama anavyopewa mgeni, na vidole vyao havikugusana. Alipomaliza akasimama, akampa mama yake mkono wa pole, ule wa haraka wanaopewa wafiwa wote, akatoka na wenzake kuelekea mpakani, nje ya nchi ambako jeshi halingewafuata.

Ndipo Obdulia alipoanza kulia, kilio ambacho hakuna aliyemfundisha.

"Lia, mama, usijizuie," akasema luteni, na bado alikuwa ameketi pale mlangoni, kwa hiyo Obdulia hakuthubutu hata kuinua macho aone mwanawe amepinda upande gani.